Filamu ya Ardhi Haianzi na Upinde: Ninavyofanya Kazi Bonde la Yaeda

Kama unachotaka ni picha ya Mhadzabe, mwindaji wa kando ya Ziwa Eyasi kaskazini mwa Tanzania, aliyevaa ngozi ya nyani na kushika upinde, mwongozo huu haukuhusu. Lala Karatu, panda gari la wageni kabla ya alfajiri, shuka Mang'ola, lipa ada, kimbia nyuma ya vijana wanaowinda ndege, na kabla ya saa nne umesharudi hotelini kunywa chai. Picha utapata, tena nzuri, na zitafanana na za maelfu waliokutangulia.

Naandika kwa ajili ya anayetaka kuuliza kwa nini kijana yule anawinda ndege wadogo ilhali babu yake aliangusha tandala palepale. Jibu liko kwenye ardhi: nani kalima wapi, ng'ombe wa nani wanakunywa chemchemi ipi, mpaka wa kijiji umepita wapi na nani alikuwepo siku ulipochorwa. Filamu ya namna hiyo ni ngumu kuipiga, maana mengi ya mambo yake hayaonekani kwa macho. Yanasemwa, yanaandikwa, yanafichwa kwenye kabati la ofisi ya kijiji.

Mimi ni Mwiraqw, Mmbulu kama wengi mnavyotuita, mzaliwa wa nyanda za juu za Mbulu. Kamera ndiyo imenilea: harusi, kipaimara, video za mashirika, na katikati ya hayo filamu zangu mwenyewe kuhusu Wahadzabe na majirani zao kando ya Ziwa Eyasi. Kabila langu nimelitaja makusudi.

Jua umesimama wapi

Wahadzabe ni wachache, watu elfu moja na mia kadhaa, wametawanyika Karatu, Mbulu, Mkalama na Meatu. Mashamba ya vitunguu ya Mang'ola na mahindi yanayoshuka kila mwaka kutoka milimani, mengi ni ya watu wa kwetu. Kwa hiyo nikifika kambini na kamera begani, mimi si mgeni asiye na upande. Ninao wajomba wanaolima huko.

Nawe unao upande, hata kama umetoka Dar es Salaam au Nairobi. Pengine umetumwa na shirika la uhifadhi. Pengine kampuni inayokulipa inauza safari za utalii. Kaa chini uandike ukurasa mmoja: familia yangu imepata nini kutokana na ardhi ya aina hii, nani ananilipa, nani ataumia filamu hii ikionyeshwa, na lugha gani siisikii. Halafu useme hayo mapema, mbele ya watu. Mimi husema: "Mimi ni wa kule juu, ndugu zangu wanalima." Watu hucheka, kwa sababu walishajua tangu niliposalimia.

Jambo jingine la mapema: usijitafutie adui mwepesi. Ukikaa siku chache Yaeda utaona mifugo ya Wadatoga ikimaliza majani na maji, na filamu itakuwa imeshajiandika yenyewe kichwani mwako, mwindaji mpole na mchungaji mkorofi. Sasa muulize mzee wa Kidatoga alikotoka. Wengi watakutajia Basotu na Hanang. Kuanzia mwaka 1970, mashamba ya ngano ya NAFCO, shirika la kilimo la serikali, yaliyojengwa kwa msaada wa Kanada yalichukua takriban ekari 100,000 za malisho bora ya Wabarabaig, ambao ni Wadatoga, pamoja na makaburi ya wazee wao, nao wakaenda mahakamani miaka ya 1980 kuidai. Ng'ombe hawakushuka tu bondeni kwa ukorofi wa mwenyewe. Nikikuta filamu ya Wahadzabe isiyo na sauti hata moja ya Mdatoga, huwa najua mtengenezaji hakukaa.

Makaratasi kwanza

Sehemu hii vijana huiruka, nami ndiyo ninayoitumia muda mwingi kuliko zote.

Chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5 ya 1999, ardhi ya kijiji husimamiwa na Halmashauri ya Kijiji, na ugawaji wake hupitishwa na Mkutano Mkuu wa Kijiji. Maana yake, shamba lililogawiwa kihalali linatakiwa liwe na muhtasari wa kikao, tarehe na mahudhurio. Nenda kwa mtendaji wa kijiji, kwa adabu na kwa barua, uombe kuona cheti cha ardhi ya kijiji, mpango wa matumizi bora ya ardhi, na mihtasari ya vikao vilivyojadili mipaka. Hutaonyeshwa vyote. Vingine utaambiwa viko wilayani, vingine vililoa. Andika pia ulichokosa na sababu uliyopewa, maana siku moja utamhoji mtu kuhusu karatasi ileile.

Kisha tengeneza mstari wa miaka. Wangu wa Yaeda umebandikwa ukutani juu ya meza ya kuhariria. Unaanzia katikati ya miaka ya 1960, serikali ilipowakusanya Wahadzabe Yaeda Chini ili walime na kusoma. Magonjwa yakawaingia, wengi wakafa, waliobaki wakarudi porini. Unapita kwenye ngano ya Hanang. Unafika mwaka 2007, bonde lilipokaribia kukabidhiwa kampuni ya uwindaji ya kutoka Falme za Kiarabu, hadi kelele za Wahadzabe wenyewe na waliowaunga mkono zikaifanya kampuni ijiondoe. Halafu 2011: Wahadzabe wa Yaeda, wakisaidiwa na UCRT, shirika linalozisaidia jamii kupata hati za ardhi, wanapata hatimiliki ya kimila ya pamoja, hati ya jamii nzima badala ya mtu mmoja mmoja. Edward Loure wa UCRT alipata Tuzo ya Goldman ya mazingira mwaka 2016 kwa kazi hiyo ya hati za pamoja Kaskazini mwa Tanzania. Mwaka 2019 jamii ya Wahadzabe yenyewe ikapata Tuzo ya Equator kwa kulinda msitu wake.

Unaona mstari huo unavyokuharibia ile filamu ya kuomboleza? Ukisimulia tu kwamba Wahadzabe wanakwisha, umewanyang'anya ushindi wao. Maswali ya leo yana ladha nyingine. Hati ipo, lakini kiangazi ng'ombe wanaingia hivyohivyo. Nani anawatoa, na kwa mamlaka ya nani? Vijana wanaolinda msitu wanalipwa kutokana na mauzo ya hewa ukaa, yaani fedha wanazotoa wa mbali ili msitu usikatwe. Fedha hiyo inagawanywa vipi, kikao gani kiliamua, wanawake walikuwepo? Mimi nimempiga picha mlinzi wa msitu akijaza daftari la doria chini ya mbuyu, kalamu imeishiwa wino, anaipumulia. Sioni upinde wowote unaoweza kusema zaidi ya hapo.

Soma pia hukumu. Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu iko Arusha, mwendo wa saa chache kutoka kwetu, na wengi wanaopiga filamu za aina hii hawajawahi kuikanyaga. Kesi ya Waogiek wa msitu wa Mau dhidi ya Kenya ilianzia notisi ya Oktoba 2009 iliyowapa siku 30 wahame. Tarehe 26 Mei 2017 Mahakama ikaamua kwamba haki zao zimevunjwa, za ardhi, utamaduni na dini zikiwemo, na ikaikataa hoja kwamba kuwatoa kulihitajika ili kuuokoa msitu. Tarehe 23 Juni 2022 ikaamuru fidia: shilingi za Kenya 57,850,000 kwa hasara ya mali na 100,000,000 kwa madhara yasiyo ya mali, pamoja na ardhi ipimwe na waandikishiwe. Novemba 2023 nyumba za Waogiek zikabomolewa Sasimwani, Narok. Ukizipanga tarehe hizo unaona kwa nini filamu inayoishia kwenye furaha ya siku ya hukumu ni filamu iliyokatwa mapema.

Hukumu ya aina hiyo ina faida nyingine kwetu. Inakuonyesha ni ushahidi gani unaohesabika: majina ya mahali, matambiko, mizinga, nani alizikwa wapi. Hayo ndiyo mambo ya kumuuliza mzee. Swali la "maisha ni magumu kiasi gani?" halimsaidii yeye wala wewe.

Vibali, kwa haraka

Bodi ya Filamu Tanzania ndiyo inayotoa kibali cha kutengeneza filamu, chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya 1976 na marekebisho yake. Ukiwa na kibali hicho, shuka ngazi zote: Mkuu wa Wilaya, Mkurugenzi wa Halmashauri, mtendaji wa kata, mtendaji na mwenyekiti wa kijiji. Kila ngazi itataka nakala, kwa hiyo toa nakala nyingi ukiwa mjini. Ukipita ndani ya Hifadhi ya Ngorongoro au hifadhi za TANAPA, hao wana ada na taratibu zao. Jitambulishe kituo cha polisi kilicho karibu hata kama hujaulizwa. Na andika muhtasari wa kweli. Ukiandika "filamu ya utamaduni na ngoma" halafu ukakutwa unahoji watu kuhusu mipaka, umejiweka pabaya, na umewaweka pabaya zaidi uliowahoji na waliokukaribisha.

Droni mimi siitumii. Inahitaji kibali cha TCAA, mamlaka ya usafiri wa anga, lakini sababu yangu ni nyingine: kwenye ardhi yenye mgogoro, kitu kinachoruka na kupiga picha kutoka juu ni mpimaji. Watu wakiona kimepita, wiki inayofuata wanasubiri beacon, jiwe la mpaka.

Nenda na masikio

Safari ya kwanza sibebi kamera kabisa. Safari ya pili nabeba kinasa sauti. Sikubuni mimi. Alanis Obomsawin, Mwabenaki, mmoja wa wenyeji wa asili wa Kanada, aliyeingia Bodi ya Taifa ya Filamu ya nchi hiyo mwaka 1967 na kupiga filamu hadi uzeeni, amefanya kazi hivyo maisha yake yote: anakaa na mtu na kinasa sauti, anasikiliza, kamera inafuata baadaye sana. Huyu ndiye aliyebaki nyuma ya seng'enge na Wamohawk wa Kanehsatake mwaka 1990, katika mvutano wa siku 78 na polisi, kisha jeshi, kwa sababu ya uwanja wa gofu uliotaka kupanuliwa kwenye ardhi na makaburi yao. Ngano kule, gofu kule, vitunguu huku.

Sauti ina faida zake. Mtu haangalii kioo, hajipangi, wala hakuna anayeitwa avue fulana. Hili la fulana nalikazia. Utakutana na mzee mjuzi wa mizizi yote ya bonde, amevaa fulana ya Yanga iliyochanika begani. Mwache na fulana yake. Mpiga picha anayemwomba mtu avae ngozi ili "aonekane wa asili" ameshaamua kwamba Mhadzabe wa leo hamtoshi.

Kwenye hizo safari za mwanzo uliza hasa yasiyopigwa picha. Kila jamii inayo. Kwa Wahadzabe, ngoma ya epeme huchezwa usiku usio na mwezi, mioto imezimwa, gizani. Taa yako ikiwaka, hakuna tena ngoma. Na ipo nyama ya epeme, ya wanaume waliofikia daraja la utu uzima liitwalo epeme, ambayo wanawake na watoto hawatakiwi kuiona ikiliwa. Fikiria sasa: hata ukiruhusiwa kuipiga na wanaume, utaionyeshaje siku ya kuonyesha filamu kijijini, mbele ya akina mama na watoto? Mimi sijaipiga na sina mpango. Katika filamu yangu moja usiku wa epeme ni sekunde kadhaa za skrini nyeusi na sauti ya wanawake wakiimba kwa mbali, nazo niliziweka baada ya wazee kuzisikiliza na kusema ziko sawa.

Mkalimani ndiye mkurugenzi wa pili

Wahadzabe wengi husema Kiswahili, ndiyo maana wapigapicha huona hakuna haja ya mkalimani. Kaa kidogo usikilize. Kiswahili ni lugha wanayojibia wageni na maofisa, na majibu yake yameshalainishwa kwa kutumika: tuna shida ya maji, tunaomba serikali itusaidie. Mtu yuleyule akiongea Kihadza na shangazi yake kuhusu chemchemi ileile, yanatoka majina, ugomvi, utani na matusi. Filamu iko huko.

Kwa hiyo tafuta mkalimani Mhadzabe, na mlipe kwa kiwango ambacho ungemlipa mpiga picha. Wa jamii jirani usimtumie, hata kama lugha anaijua vizuri. Mimi mwenyewe nikiwa na mkalimani Mwiraqw ningekuwa nimeweka wakulima wawili mbele ya mtu anayelalamikia mashamba. Kama unahoji wanawake, tafuta mwanamke. Habari za ulevi ulioingia Mang'ola na fedha za watalii, nani anapokea hela na nani anabaki na watoto wenye njaa, nilizisikia kutoka kwa kina mama wakati wa kuchimba mizizi, mbali na kambi, na mkalimani akiwa binti yao.

Tafsiri ifanyike mara mbili. Mara ya kwanza papo hapo, kwa ufupi, ili mazungumzo yaende. Mara ya pili baada ya safari, mkalimani na wewe na vipokea sauti vya masikioni, sentensi kwa sentensi, ukiandika dakika na sekunde pembeni. Ni kazi ya kuchosha. Saa moja ya mazungumzo inakula siku nzima na zaidi. Lakini Kihadza hakina ndugu. Hata Kisandawe, chenye vidoko, zile sauti za kupiga ulimi, kama chake, hakijathibitika kuwa na udugu nacho, kwa hiyo hakuna programu itakayokuokoa, na mhariri wako aliye mjini hatajua hata sentensi imeishia wapi. Usipofanya kazi hiyo atamkata mama wa watu katikati ya neno.

Ridhaa

Fomu ya ridhaa ninayo, ya Kiswahili, ukurasa mmoja, herufi kubwa. Nairekodi pia kwa sauti, inasomwa na mkalimani kwa Kihadza, na mtu anajibu mbele ya kinasa. Lakini karatasi hiyo inanilinda mimi zaidi kuliko inavyomlinda yeye, tusidanganyane. Ridhaa ya kweli ninaiomba upya kila hatua: kabla ya kupiga, baada ya kupiga, na baada ya kuona kilichohaririwa. Mtu ana haki ya kubadili mawazo hadi siku ya onyesho la kijiji. Tangu Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 ianze kutumika hili si hiari yako tu, uso na sauti ya mtu ni taarifa zake.

Kwa filamu za ardhi ongeza haya.

Picha ya mnyama aliyewindwa inaweza kutumika kama ushahidi dhidi ya aliyewinda. Usionyeshe uso, mzoga na mahali kwa pamoja. Zima kipimo cha mahali (GPS) kwenye kamera na simu. Kisima kilichofichwa, mti wenye nyuki, njia ya usiku, vyote hivyo ukivionyesha umemwambia kila mtu.

Anayetaja jina la kiongozi aliyeuza shamba, mwulize akiwa ametulia, kesho yake, kama bado anataka lisikike. Mwambie wazi kwamba filamu inafika kwenye simu kijijini kabla haijafika kwenye tamasha. Mpe nafasi aliyetajwa naye ajibu. Mtu akikuambia jambo wakati umeshazima kamera, lichukue kama alivyokupa, limezimwa.

Na usimhoji mtoto kuhusu mgogoro wa wazazi wake.

Vifaa

Nitakuwa mfupi, maana huko mitandaoni mmejaa mabingwa wa lenzi. Upepo wa Eyasi huanza mchana na hauna huruma. Manyoya ya maikrofoni ni lazima, na mahojiano marefu yapigwe asubuhi kabla ya saa tatu au jioni. Jua likiwa juu na anga jeupe nyuma ya mbuyu, kamera ikiachiwa ijipimie mwanga itachagua anga na kumfanya mtu kivuli. Pima mwanga kwenye shavu lake, anga liungue likitaka. Sola ya kukunja, betri za kutosha, diski mbili zinazokaa kwenye mabegi mawili tofauti. Kila jioni nakili, kisha andika kwenye daftari nani ni nani, wa kambi gani, kasema nini, kakataza nini. Safu ya "kakataza nini" ndiyo muhimu kuliko zote utakapokuwa unahariri miezi mingi baadaye na kumbukumbu imekwisha.

Kulipa au kutolipa

Wenzetu waliosoma nje hufundishwa kwamba mhusika wa filamu halipwi, akilipwa atasema unachotaka. Nakubaliana nao nusu. Silipi habari. Lakini mtu anayekaa nami asubuhi nzima hakwenda kutafuta asali wala mizizi siku hiyo, na mimi chakula changu kiko kwenye gari. Mgeni njoo mwenyeji apone, tunasema. Mang'ola wageni wamekuja miaka na miaka, na wenyeji wengi bado hawajapona.

Ninavyofanya: mkalimani, mwongoza njia, mpishi na mlinzi wa vifaa ni waajiriwa wa filamu, wa palepale, wanasaini na kupokea kwa siku. Kijiji kinalipwa ada iliyokubaliwa kwenye kikao, kwa stakabadhi, na kiasi kinasomwa kwa sauti mbele ya watu. Chakula cha siku ya kazi tunakula wote, kwa hiyo nabeba unga, maharage na chumvi vya kutosha kambi nzima. Fedha taslimu mkononi mwa mtu mmoja pembeni ya kambi, hapana. Pombe, hata kama umeombwa kwa utani, hapana.

Kuirudisha kabla ya kuitoa

Filamu ikifika hatua ya kuonekana, kabla ya sauti na rangi kusafishwa, naipeleka kijijini. Shuka jeupe, projekta ndogo, jenereta la kuazima, spika ya kwenye harusi. Kwanza wanaotajwa na kuonekana zaidi, faragha, kwenye kompyuta. Kisha wanawake peke yao. Kisha kijiji chote. Utaratibu huo una sababu: mkutano wa wote ukiwa wa kwanza, watazungumza viongozi tu.

Jiandae kwa kicheko mahali ulipolia, na kwa ugomvi mahali ulipodhani hakuna kitu. Watu watataja miti. Watasema huyu hakupaswa kusema hili kabla ya mkubwa wake. Safari moja kikundi cha akina mama kilinitaka niondoe sehemu niliyoipenda kuliko zote, mzee akieleza mahali pa kuchimba mizizi ya kiangazi. Bibi mmoja aliniuliza: "Mwanangu, wa kwenu wakiiona si watakuja na jembe?" Nikaiondoa.

Mtakachobishania mara nyingi hakitakuwa cha mila bali cha siasa: mwenyekiti ataka maneno ya mpinzani wake yatoke. Hapo nashikilia. Kanuni yangu ni kwamba mtu anaweza kuondoa yake mwenyewe, jamii inaweza kuondoa ya siri na ya hatari, ila hakuna anayeondoa ya mwenzake kwa sababu yamemchoma. Isomwe kanuni hiyo siku ya kwanza, kabla hamjaanza, mkiwa bado mnacheka pamoja.

Acha nakala kijijini, kwenye diski na kwenye kadi za simu, pamoja na mahojiano kamili ya wazee. Siku ya kesi ya mpaka, dakika zako nzuri hazitakuwa na kazi. Yatakayotakiwa ni yale masaa ya mzee akitaja majina ya chemchemi moja baada ya nyingine.

Utaishi kwa nini

Filamu moja ya aina hii hula miaka. Harusi msizidharau, zimenifundisha kupiga watu wasiorudia tendo. Kwa fedha za filamu yenyewe, anza na DOCUBOX ya Nairobi, iliyoanzishwa na Judy Kibinge kwa ajili ya filamu za uhalisia za Afrika Mashariki. Wanakufundisha hata kuandika ombi. Mfuko wa IDFA Bertha, wa tamasha la filamu za uhalisia la Amsterdam, huangalia watengenezaji wa Afrika, Asia na kwingineko Kusini. Durban FilmMart ya Afrika Kusini ni mahali pa kukutana na washirika, na ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, ndipo utakapoona hadhira inayocheka kwa lugha yako. Ombi la fedha liandike kwa watu na mgogoro wenyewe, ukianza na mtu mmoja na karatasi moja. Wasomaji wa maombi hayo wameshachoka na "kabila la mwisho duniani".

Kazi za mashirika chukua, ila soma mkataba. Vipengele vingi husema picha zote ghafi ni mali ya aliyelipa, milele, kwa matumizi yoyote. Nilishaona mama niliyemhoji kuhusu maji akitokea kwenye bango la kuchangisha fedha la jambo asilolijua. Sajili kazi zako COSOTA, ofisi ya hakimiliki, tenga picha za filamu yako na picha za ajira, na usichanganye safari hizo mbili hata kama gari ni moja.

Kwenye kila mkataba wangu sasa kuna kipengele hiki, unaweza kukinakili: "Watu waliomo katika filamu hii wataitazama, wao wenyewe na kupitia mkutano wa kijiji chao, kabla haijaonyeshwa popote, na picha au sauti zitakazokataliwa kwa sababu za mila au usalama zitaondolewa katika filamu na hazitatumika kwingine." Kiweke kabla ya kipengele cha malipo. Mfadhili atauliza kitachelewesha kazi kwa muda gani. Mjibu kwa mvua: kati ya Machi na Mei usitegemee gari kushuka Yaeda, kwa hiyo onyesho la kijiji lipangwe Juni, na tarehe ya tamasha ihesabiwe kutoka hapo.